Mume amekufa kazini, shemeji ametia saini: fidia ni ya nani, na uanzie wapi

Swali, kwa ufupi, limetoka kwa mama mmoja wa Wete, Pemba:

"Mume wangu alikuwa fundi wa plasta kwenye hoteli inayojengwa Kaskazini Unguja. Alianguka kutoka jukwaani ghorofa ya tatu, akafariki kabla ya kufikishwa hospitali. Tulimleta Wete tukamzika. Kampuni ilitoa laki tano za maziko na shemeji yangu akatia saini karatasi. Tulipouliza habari ya fidia wakasema hakuwa na mkataba, alikuwa kibarua wa siku, tena hakufunga mkanda. Shemeji naye anasema fedha zikitoka zipitie kwake kwa kuwa yeye ndiye mkubwa wa familia. Nina watoto watatu, wa kiume miaka 7 na wa kike wawili, na mama mkwe niko naye nyumbani. Mwezi wa pili huu nimo ndani ya eda. Nifanye nini?"

Dada yetu wa Wete, pole sana kwa msiba. Mwenyezi Mungu amrehemu mumeo na akupe nguvu ya kulea hao aliowaacha.

Nianze na lile linalokukosesha usingizi. Haki ya fidia unayo. Kukosa mkataba wa maandishi hakuiondoi, mkanda hauiondoi, na saini ya shemeji yako haikufungi wewe wala watoto. Kinachoweza kuipoteza haki hii ni muda, na muda ndio unaoliwa sasa hivi wakati kila mtu anasubiri eda iishe. Kwa hivyo soma jibu hili lote, lakini ile barua iliyo katikati yake iandikwe wiki hii.

Kwanza ujue uko chini ya sheria ipi, kwa sababu hapa watu wengi hupotezwa. Kazi si jambo la Muungano. Ule Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi unaousikia redioni, WCF, ulioanza kazi mwaka 2015, ni wa Tanzania Bara. Mtu akikutuma Dar es Salaam kujaza fomu zake kwa ajali iliyotokea Nungwi au Matemwe, anakupotezea nauli. Kwetu Zanzibar ipo Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 1986, iliyorekebishwa 2005, na chini ya sheria hiyo mdaiwa ni mwajiri. Akiwa amekata bima, bima itamlipia, lakini wewe unamdai yeye. Hali moja tu inafaa kuulizwa upande wa Bara: ikiwa kampuni ni ya huko, mumeo aliajiriwa huko, akaletwa Unguja kwa kazi ya muda. Hapo waulize WCF kwa maandishi ikiwa alikuwa ameandikishwa kwao, huku dai lako la Zanzibar likiendelea. Hutalipwa mara mbili, ila hutaachwa katikati pia.

Sasa habari ya shemeji. Ugomvi wa fedha za marehemu karibu kila mara unatokana na kuchanganya fedha za aina nne kana kwamba ni kapu moja. Zitenganishe.

Ya kwanza ni rambirambi, kama zile laki tano. Hizo ni za maziko na msiba, zimekwisha kazi yake. Huna deni nazo, na hakuna wa kukwambia uzirudishe ndipo udai fidia.

Ya pili ni fedha ambazo mumeo alikuwa amekwisha kuzifanyia kazi: siku ambazo hazijalipwa, saa za ziada, malipo ya likizo kama alistahiki, pamoja na akiba ya kwenye simu na vifaa vyake vya ufundi. Hizo ni mali yake. Alikufa nazo, kwa hivyo zinakwenda kwenye mirathi.

Ya tatu ni mafao ya ZSSF, yaani Mfuko wa Hifadhi ya Jamii Zanzibar, ikiwa kampuni ilimkatia michango. Mfuko huo una utaratibu wake wa mafao ya warithi na fomu zake, na unaulizwa kwenye ofisi yao ya Chake Chake kwa kutumia nambari yake ya uanachama. Ikiwa alikatwa mshahara na michango haikupelekwa, hilo ni kosa la mwajiri na linadaiwa peke yake. Wala mwajiri hawezi kusema "mtalipwa na ZSSF" akadhani amemaliza fidia.

Ya nne ndiyo fidia ya kifo, na hii si mali ya marehemu. Hakuwahi kuwa nayo hata siku moja ya uhai wake. Ni fedha ya wale waliokuwa wakila kwa mkono wake: mke, watoto, na mzazi aliyekuwa akimtegemea. Hao ndio wanaoitwa wategemezi, na mgao wao huangalia nani alikuwa anamtegemea marehemu na kwa kiasi gani. Mtoto mchanga ambaye hajui hata jina la baba yake ana fungu. Kaka mtu mzima mwenye duka lake hana, hata akiwa ndiye aliyebeba jeneza.

Na hata tukirudi kwenye mirathi, ambako shemeji yako pengine anadhani ndiko kwenye nguvu zake, hesabu haimpi kitu. Marehemu ameacha mtoto wa kiume. Mtoto wa kiume anamzuia ndugu wa marehemu asirithi. Tuseme baada ya kulipa madeni, zile fedha za aina ya pili zimefika shilingi 2,400,000, na baba mkwe wako alikwisha kufariki. Wewe unachukua thumuni, sehemu moja ya nane, yaani 300,000. Mama mkwe anachukua sudusi, sehemu moja ya sita, yaani 400,000. Zinabaki 1,700,000 za watoto, mwanamume mafungu mawili na kila mwanamke fungu moja: mwanao 850,000, na kila binti 425,000. Kaka wa marehemu, sifuri. Ukitaka hesabu hii iandikwe na mamlaka, Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana ndiyo inayoshughulikia mirathi ya Waislamu Zanzibar, na mzozo wa mirathi huamuliwa na Mahkama ya Kadhi. Usiipeleke fidia ya kifo ikagawiwe kwa hesabu hiyo hiyo. Ukifanya hivyo utakuwa mwenyewe umekubali kwamba ni urithi, na mwenye thumuni ni wewe.

Mkumbuke mama mkwe katika haya. Kama mwanawe ndiye aliyekuwa akimnunulia unga na dawa, naye ni mtegemezi, aandikwe kwa jina lake. Kupokea pencheni jamii ya wazee hakumtoi. Mkiingia wewe na yeye mkiwa pamoja dai linakuwa na uzito, na nyumba inabaki na amani. Na kama marehemu alikuwa na mke mwengine Unguja, mtaje tangu mwanzo. Dai lililofichwa mke mwenza au mtoto wa nje ya nyumba husimama siku ya malipo, na fedha hukaa ofisini miezi kwa sababu ya jina moja.

Sasa eda. Miezi minne na siku kumi ni haki ya marehemu juu yako, na hapana anayekutaka uivunje. Lakini sheria ya madai haijui eda, siku zake zinahesabiwa kuanzia siku ya ajali. Mwajiri anayejua mambo yetu anaweza kukaa kimya muda wote huo kwa adabu kabisa, na ukitoka eda ukakuta jukwaa limeshushwa, vibarua wametawanyika na msimamizi amehamia mradi mwengine. Njia zipo mbili. Wanazuoni wetu wa madhehebu ya Shafi wanamruhusu mjane kutoka mchana kwa haja ya lazima na kurudi kwake kulala, muulize sheikh wako kuhusu hali yako. Ama umpe mtu unayemuamini barua ya uwakala, iliyosainiwa nawe mbele ya wakili au hakimu, aende kwa niaba yako. Kaka yako, mjomba wako, hata mwanamke mwenzako anayejua kusoma na kufuatilia. Andika ndani yake mambo mawili kwa herufi zinazoonekana: anaruhusiwa kuwasilisha, kufuatilia na kupokea barua, haruhusiwi kupokea fedha wala kukubali kiwango chochote cha malipo. Uwakala usio na mpaka huo umewaumiza wajane wengi.

Kazi ya kwanza ya mwakilishi huyo ni barua ya taarifa na dai. Haihitaji wakili. Iwe na mambo haya:

"Kwa Mkurugenzi, Kampuni ya (jina kamili). Nakala: Kamisheni ya Kazi Zanzibar, Bwana (fundi mkuu aliyempeleka kazini). Mimi ni mjane wa (majina matatu ya marehemu), aliyekuwa fundi wa plasta katika ujenzi wenu wa (jina la mradi, kijiji). Tarehe fulani, saa fulani, akiwa kazini alianguka kutoka jukwaa la ghorofa ya tatu na kufariki siku hiyo hiyo. Alikuwa akilipwa shilingi kadhaa kwa siku, siku sita kwa wiki. Ameacha wategemezi wafuatao: (majina, umri, uhusiano). Kwa barua hii nakutaarifuni rasmi juu ya kifo hicho na nadai fidia kwa niaba yao chini ya Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi. Naomba pia jina la kampuni ya bima na nambari ya bima ya wafanyakazi wa mradi huo. Fedha zilizotolewa kwa maziko hazikupokelewa kama fidia."

Tarehe, saini au dole gumba, na nambari ya simu. Chapisha nakala nne. Tatu zinakwenda, ya nne inagongwa muhuri wa "imepokelewa" na kurudi kwako. Wakikataa kugonga muhuri, ipelekwe mbele ya sheha wa shehia ya mradi, aandike nyuma yake kwamba imepelekwa tarehe fulani ikakataliwa. Nakala yenye maandishi ya sheha ina nguvu kuliko miezi mitatu ya kupiga simu.

Angalia kwamba barua inamtaja na fundi mkuu. Kwenye hoteli hizi mwenye mradi humpa kazi mkandarasi, mkandarasi humkatia plasta fundi mkuu, na fundi mkuu ndiye anayekusanya vijana kutoka Wete na Micheweni. Siku ya ajali kila mmoja anamwonyesha mwenziwe. Usijitwishe kazi ya kuwaamua. Wataje wote kwenye karatasi moja, na wao ndio watakaoulizana mbele ya afisa wa kazi. Jina sahihi la kampuni liko kwenye ule ubao mkubwa wa mradi kwenye lango: mwenye mradi, mshauri, mkandarasi. Mtu apige picha ubao huo wote. Kama jina la kwenye ubao halifanani na lile la kwenye risiti za malipo, Wakala wa Usajili wa Biashara na Mali wanaweza kuonyesha ni kampuni ipi iliyosajiliwa. Na hoteli za namna hiyo mikataba yake ya ujenzi kwa kawaida humlazimisha mkandarasi kuwakatia bima wafanyakazi kabla ya kuanza kazi, ndiyo maana tumeiomba bima kwenye barua. Kampuni ikinyamaza, mshauri wa mradi naye aandikiwe, kwa sababu nakala ya bima hiyo kwa kawaida inapitia kwake.

Ushahidi unaanza mapema zaidi ya watu wanavyodhani. Sisi maziko yetu hayasubiri, na ni sawa. Lakini mwili ndio ushahidi wa kwanza, na ukishazikwa kinachobaki ni karatasi. Kwa anayesoma haya kabla halijamfika: kifo cha kazini kinapitia polisi, inatolewa fomu ya polisi, na daktari anauangalia mwili na kuandika sababu ya kifo. Uchunguzi wa nje wa mwili hauchukui muda mrefu, na mara nyingi kwa mtu aliyeanguka unatosha. Familia inayokimbilia boti ya jioni bila karatasi hiyo inakuja kusikia baadaye kwamba "alikuwa na presha, alikufa kwa maradhi yake." Kwa upande wako, mumeo alifikishwa hospitali, hata kama alikwisha kukata roho. Hospitali hiyo ina kumbukumbu ya mwili uliopokelewa, na kituo cha polisi cha eneo lile kina nambari ya jalada. Mwakilishi wako aende na cheti chako cha ndoa na kitambulisho, aombe vitu hivyo viwili kwa maandishi.

Kisha eneo lenyewe. Jukwaa la ujenzi hubadilika kila siku kwa kufuata kazi, kwa hivyo picha za siku ya ajali ni mali. Vijana waliokuwepo kwa hakika walipiga kwa simu zao na kutumiana kwenye kundi la WhatsApp. Zikusanye sasa, na umwambie aliyepiga asizifute kwenye simu yake, maana picha ya asili ina tarehe na saa ndani yake. Kinachotafutwa ndani ya picha ni mambo ya wazi: mbao za kukanyagia zilikuwa ngapi na zimefungwa au zimelazwa tu, palikuwa na kizuizi cha kiunoni upande wa nje, jukwaa limeshikizwa ukutani au limesimama peke yake, na kama ni boriti, kamba zake zikoje. Jukwaa lenye ubao mmoja wa kukanyaga na bila kizuizi linajieleza lenyewe.

Hapo ndipo linapokuja neno la mkanda. Fidia ya wafanyakazi haikujengwa juu ya nani mwenye kosa. Swali lake ni kama ajali ilitokana na kazi na ikatokea akiwa kazini. Fundi wa plasta aliyeanguka kutoka jukwaani saa za kazi amelijibu swali hilo. Ndiyo tofauti yake na kesi ya uzembe, ambayo ni njia nyingine kabisa, inafunguliwa mahkama ya kawaida, inahitaji wakili na inamtaka mdai athibitishe kosa la mwajiri. Hata hivyo usiliache neno hilo lipite kimya, maana linakusudiwa kukutia aibu. Wajibu wa kuweka mahali pa kazi salama uko kwa mwajiri chini ya Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya 2005. Waulizwe: mkanda aliupewa lini na ametia saini wapi kuupokea? Palikuwa na kitu gani cha kuufunga, kwa kuwa mkanda usio na pa kufungwa ni pambo la kiunoni? Na msimamizi aliyemwona amepanda bila mkanda alimfanya nini? Mara nyingi majibu ya maswali haya matatu huwageuzia wao kibao.

Hoja ya "kibarua wa siku" ni nyepesi zaidi kisheria na nzito zaidi kwenye ushahidi. Mkataba wa mdomo ni mkataba. Aliyekuwa akiambiwa aje saa ngapi, afanye nini, kwa vifaa vya nani, na akalipwa kila Jumamosi, ameajiriwa. Kazi ni kuthibitisha kiwango alichokuwa akilipwa, na hapa ndipo familia zinapopoteza fedha nyingi kimyakimya, kwa sababu fidia inakokotolewa kutokana na mshahara. Tuseme alikuwa akilipwa 25,000 kwa siku. Kwa siku 26 za kazi ni 650,000 kwa mwezi. Kampuni ikiandika 15,000 kwenye fomu, mwezi unakuwa 390,000. Tofauti ni 260,000, na kwa kila mwaka mmoja wa mshahara unaohesabiwa ndani ya fidia umepoteza 3,120,000. Hapana aliyekunyang'anya mbele ya macho yako, ni tarakimu moja tu iliyoandikwa na karani.

Kwa hivyo tafuta: daftari la mahudhurio la msimamizi (hata picha ya kurasa mbili), ujumbe wa malipo ya simu, na mafundi wawili waliokuwa wakilipwa kiwango kile kile watakaokubali kuandika maelezo na kutia saini. Laini ya simu ya marehemu usiiache ikafa. Itie vocha, ipige mara moja moja, simu iwe na chaji. Ujumbe wa malipo ya kila Jumamosi umo humo, na laini isiyotumika kwa muda hufungwa na nambari akapewa mtu mwengine. Kama alikuwa akipewa chakula cha mchana na mahali pa kulala pale kambini, liandike hilo nalo kwenye maelezo yako, na saa za ziada kama zilikuwa za kila wiki.

Karatasi aliyosaini shemeji: itake nakala yake. Isomwe kama inasema "fedha za maziko" au inasema "malipo kamili, hatutadai tena." Kama ni ya kwanza, ni risiti tu. Kama ni ya pili, andikeni barua fupi, wewe na mama mkwe, kwamba aliyetia saini hakuwa na uwakala wenu, na kwamba hakuna mtu anayeweza kusamehe haki ya watoto wadogo kwa kukubaliana na mwajiri nje ya ofisi ya kazi. Ipelekwe Kamisheni ya Kazi pamoja na dai. Shemeji mwenyewe usimfanye adui. Inawezekana alisaini akiwa na maiti mbele yake na boti inangoja, na maelezo yake ya namna karatasi ile ilivyoletwa yatakusaidia kuliko hasira.

Nyaraka nyingine ni cheti cha kifo, cheti cha ndoa, vyeti vya kuzaliwa vya watoto watatu, kitambulisho chako na cha mama mkwe, na barua ya sheha wa shehia yako inayotaja wategemezi wote. Vyeti hivyo vinatolewa na Wakala wa Usajili wa Matukio ya Kijamii. Kabla hujavipeleka, vitandaze chini uvisome jina kwa jina. Marehemu ni Khamis kwenye cheti cha ndoa, Hamisi kwenye cheti cha mtoto, na "Kh." kwenye kitambulisho, na kwa ofisi hao ni watu watatu. Dawa yake ni kiapo cha majina, unakula kiapo hicho mara moja na nakala zake unaziambatisha kila mahali. Kama ndoa haikuwa na cheti, Kadhi anaweza kuithibitisha kwa walii au mashahidi waliohudhuria, na hilo lianzwe mapema kuliko vyote kwa sababu linachukua muda. Tengeneza seti tatu za nakala zilizothibitishwa, na asili zake zisiondoke mkononi mwako. Anayekwambia "niachie cheti halisi" mwambie ataonyeshwa, hataachiwa.

Dai likishafika Kamisheni ya Kazi, Unguja au kwenye ofisi yake ya Pemba, omba nambari ya jalada na jina la afisa. Omba pia kwa maandishi kwamba wakaguzi wa usalama kazini wachunguze ajali hiyo na ripoti iwekwe kwenye jalada lako. Mwajiri akikataa kulipa au akatoa kiwango cha kuchekesha, mambo yanakwenda kwenye usuluhishi wa migogoro ya kazi, na yakishindikana huko, Mahkama ya Kazi, ambayo ni divisheni ya Mahkama Kuu. Kwenye usuluhishi utaletewa fedha taslimu kwenye bahasha. Usikubali kiwango kabla hujaonyeshwa hesabu kwenye karatasi: mshahara wa mwezi waliotumia, kifungu cha sheria walichozidishia, na jumla. Afisa wa kazi anaweza kuipitia hesabu hiyo mbele yako. Msaada wa bure wa kisheria upo pia, unatambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2018: Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar, Jumuiya ya Wanasheria Wanawake Zanzibar, na wasaidizi wa sheria walioko wilayani. Nenda kwao ukiwa na faili, si na maneno matupu, watakufanyia kazi haraka zaidi.

Fedha za watoto omba ziingizwe kwenye akaunti ya benki kwa jina la kila mtoto, nawe ukiwa mlezi mwenye kutoa kwa ajili ya skuli na matibabu. Ni kinga kwao, na ni kinga kwako wewe pia, kwa sababu miaka kumi ijayo mwanao akiuliza, utamwonyesha karatasi.

Niseme neno kwa wasomaji wengine wa Pemba, maana msimu wa karafuu huleta misiba ya aina hii hii. Mchumaji anayelipwa kwa pishi akianguka mkarafuuni, swali la nani mwajiri wake huwa gumu, kwa sababu mwenye shamba naye mara nyingi ni mkodishaji wa msimu. Shirika la Biashara la Taifa, ZSTC, limekuwa likitoa fidia kwa wanaoanguka mikarafuu, na njia hiyo inataka taarifa ya haraka kwa sheha na kwa ofisi ya shirika, pamoja na karatasi za hospitali. Msingoje msimu umalizike.

Kwako wewe, dada wa Wete: leo tafuta mtu wa kuandika barua, kesho sheikh na barua ya uwakala, na keshokutwa mwakilishi wako apande boti akiwa na nakala nne. Na ile simu ya marehemu, itie chaji sasa hivi.